GOG: mapitio ya fundi aliyekulia kwenye kraki

Nilianza kwa kuchomoa waya wa intaneti. Nikazima na Wi-Fi, nikachukua diski ya nje yenye faili za gemu ya The Witcher 3 nilizokuwa nimezipakua wiki iliyotangulia kutoka GOG, duka la mtandaoni linalouza gemu bila kufuli, nikaichomeka kwenye laptopu iliyotoka kupigwa Windows mpya. Mashine tupu kabisa, haina akaunti ya duka lolote la gemu wala programu yoyote ya kuzizindulia. Ndani ya folda kulikuwa na faili moja ndogo ya setup na msururu wa vipande vya .bin, vya GB 4 kila kimoja, zaidi ya kumi. Nikabofya setup mara mbili, nikakaa nikingoja kuulizwa jina, nenosiri, namba ya leseni, chochote. Sikuulizwa. Nikaenda kulala. Asubuhi Geralt, shujaa wa gemu, yumo kwenye beseni lake la kuogea, miguu juu, ananisubiri.

Kwa mtu mwingine hilo si jambo la kuandikia. Kwangu ni jambo, kwa sababu kwa miaka mingi gemu iliyowaka bila kuuliza kitu ilikuwa na maana moja tu: imekrakiwa, yaani kufuli lake la kuzuia wizi limevunjwa.

Mimi ni fundi wa kompyuta, na gemu nilizijua kwa mlango wa nyuma. Enzi za CD zilikuja kwenye diski nyeupe zilizoandikwa kwa peni ya wino mzito, na ndani kulikuwa na folda inayoitwa Crack kama vile ni sehemu ya bidhaa. Nilikuwa nimeshaota ndevu nilipogundua kwamba gemu halali haziji na folda hiyo. Kulikuwa na faili ya .nfo yenye michoro iliyosukwa kwa herufi, majina ya makundi kama Razor1911, RELOADED na SKIDROW yameandikwa kwa mbwembwe utadhani ni bendi. Na kulikuwa na kile kijiprogramu cha kutengeneza namba za leseni, ambacho ukikifungua tu kinaanza kupiga muziki wa tiritiri, wa haraka, mtamu ajabu. Vingine nilikuwa naviacha wazi kwa ajili ya muziki, namba nimeshapata zamani.

Maelekezo tuliyakariri kuliko jedwali la kuzidisha, na mstari wa kwanza siku zote ulikuwa uleule: zima antivirasi. Maneno mawili hayo yamenipa kazi kuliko maji yote yaliyowahi kumwagikia kibodi.

Nitatoa mfano mmoja. Kijana aliniletea mashine yake nzuri tu, ya gemu. "Fundi, feni inapiga kelele hata nikiwa sifanyi kitu." Nikaiwasha, nikaiacha imetulia. Baada ya dakika mbili feni ikaanza kunguruma kama jenereta. Nikafungua Task Manager nione nani anakula prosesa, na kabla dirisha halijakaa sawa, feni ikanyamaza. Prosesa asilimia tatu. Nikafunga dirisha, nikahesabu kimoyomoyo. Nilipofika ishirini, feni hiyo, tena kwa hasira. Nikafungua: kimya. Nikafunga: kelele. Ilibidi niweke programu ya kupima joto kwenye kona ya skrini, nikae mikono mifukoni nisiguse kitu, niangalie namba ikipanda hadi nyuzi tisini na kitu. Kilichokuwa ndani kilikuwa kinamchimbia mtu mwingine sarafu za mtandaoni, na kina adabu ya mwizi: kinajificha mwenye nyumba akiwasha taa. Nilipofuatilia kilikoingilia, nikakuta faili ya "kraki" ya gemu ambayo siku hizo hakuna binadamu aliyekuwa ameikraki. Nikamwambia. Akaangalia chini, akasema, "Lakini ilikuwa na maoni mazuri, fundi."

Kwa nini hakuna aliyekuwa ameikraki? Hapa lazima nieleze kufuli lenyewe, maana bila hivyo huwezi kuelewa duka linajisifia nini linaposema halina.

Makufuli ya zamani yalikaa mlangoni. Gemu inawaka, inauliza kama CD ipo, na kazi ya mkraki ni kuhakikisha jibu linakuwa "ndiyo" siku zote. Mlango ukishang'oka, nyumba yote ni yako. SecuROM ya Sony DADC ikaja na mtindo wa kuhesabu. Spore ya 2008 ilitoka ikiruhusu kuwashwa kwenye mashine tatu tu, na wanunuzi wakaimiminia nyota moja moja kule Amazon mpaka ikawa habari kuliko gemu yenyewe. Waliokuwa na nakala ya wizi hawakuhesabiwa kitu, walicheza kwenye mashine ngapi wapendazo.

Denuvo imetoka kwenye ukoo huohuo wa SecuROM, watu waliojitenga na Sony DADC wakaanzisha kampuni yao Salzburg, Austria. Gemu yao ya kwanza ilikuwa FIFA 15, Septemba 2014. Hawa kufuli hawakulifunga mlangoni, walilichanganya kwenye zege. Gemu ikiwaka mara ya kwanza inakusanya alama za mashine yako, prosesa gani, Windows gani na mengineyo, inazipeleka kwenye seva, na seva inarudisha tiketi inayofanya kazi kwenye mashine hiyo tu. Halafu vipande vya programu yenyewe vimeandikwa upya kwa lugha ya mashine ya kubuni, isiyopatikana popote isipokuwa ndani ya gemu hiyo, na ukaguzi umetawanywa humo katikati ya mchezo. Mkraki hana mlango wa kuvunja. Inabidi abomoe tofali moja moja bila nyumba kumwangukia, na akimaliza, gemu inayofuata ina ukuta mwingine kabisa.

Mwanzoni mwa 2016 kiongozi wa 3DM, kundi la Wachina lililokuwa limeifungua Dragon Age: Inquisition, alikata tamaa hadharani mbele ya Just Cause 3. Akasema kwa mwendo ule, baada ya miaka miwili huenda gemu za bure zisiwepo tena duniani. Tuliisoma habari ile kama tanzia.

Lakini marehemu hakuwa amekufa. Agosti 2016 kundi la Italia linaloitwa CPY likaifungua Rise of the Tomb Raider, na Januari 2017 likaifungua Resident Evil 7 siku tano tu baada ya kutoka. Mwaka huohuo watengenezaji wa Rime wakatoa ahadi ya ajabu: gemu ikikrakiwa, tutaiondoa Denuvo sisi wenyewe. Ikakrakiwa ndani ya siku tano, nao wakatimiza. Aliyeifungua alidai kwamba kufuli lilikuwa likikagua mamia ya maelfu ya mara kabla hujaanza hata kutembea. Bulgaria kulikuwa na mtu aliyejiita Voksi, naye Julai 2018 polisi walimfikia na kuondoka na vifaa vyake. Kisha akaja EMPRESS, ambaye Februari 2023 aliifungua Hogwarts Legacy mwezi uleule ilipotoka, kwa maneno mengi na majigambo ya kila aina kwenye faili zake za .nfo. Baada ya hapo mambo yakawa magumu kweli. Gemu nyingi zenye Denuvo zikapitisha miezi na miezi bila kraki, na nafasi hiyo tupu ndiyo waliyoijaza matapeli wa kile kichimba sarafu cha kijana wangu.

Hesabu za wenye kufuli si za kipuuzi, lazima niseme. Utafiti uliochapishwa 2024 uliangalia gemu 86 zenye Denuvo kule Steam, duka kubwa la gemu za kompyuta, zilizotoka kuanzia Septemba 2014 hadi mwisho wa 2022, ukakuta gemu ikikrakiwa wiki ya kwanza inapoteza kwa wastani karibu asilimia 20 ya mapato. Ukisogea mbele hasara inapungua, na baada ya wiki 12 karibu hakuna tena. Mimi sina ugomvi na wiki 12. Mtu ametumia miaka mitano kutengeneza kitu, mwache auze. Ninachouliza ni kwa nini mwaka wa nne kufuli bado liko mlangoni wakati nyumba imeshauzwa, na funguo anazo mtu mwingine.

Kwa sababu anayehangaishwa na kufuli ni aliyelipa, si mwizi. Mwizi hupewa nakala ambayo mtu ameshaihangaikia. Resident Evil Village ilitoka Mei 2021 ikiwa na kigugumizi: unampiga zombi risasi, picha inaganda kidogo. Julai kraki ikatoka, na ikaonekana kwamba nakala ya wizi haigandi. Digital Foundry, wanaopima mwendo wa gemu, wakapima, wakathibitisha. Capcom, ambao walikuwa wameongeza kufuli lao juu ya Denuvo, wakatoa patchi ya kurekebisha. Yaani kwa muda aliyelipa alikuwa na gemu mbovu kuliko ya mwizi. Tekken 7 nayo, mtayarishaji wake mwenyewe alisema 2018 kwamba kufuli ndilo lililokuwa likiyumbisha gemu kwenye baadhi ya mapigo ya mpiganaji Akuma. Sonic Mania, gemu ya picha bapa ya kukimbia na kuruka, ilifika kwenye kompyuta Agosti 2017 ikakataa kuwaka bila intaneti mpaka Sega walipoirekebisha. Na Novemba 2021 ndiyo iliyonivunja mbavu: Intel wametoa prosesa za kizazi cha 12 zenye viini (core) vikubwa na vidogo, na makufuli ya gemu kadhaa yakaona vile viini vidogo yakadhani ni kompyuta nyingine. Mwezi uleule jina moja la tovuti ambalo gemu zenye Denuvo zililitegemea likaisha muda wake, na watu waliolipa wakakaa wakitazama gemu zisizowaka kwa sababu kuna mtu hakulipia jina.

Yangu mimi ni ndogo kuliko hizo, ila iliniuma zaidi. Gemu yenyewe sitaitaja, wala duka lake. Niliinunua kwa bei kamili, siku ya kwanza, kwa fahari ya mtu aliyeacha wizi. Wikiendi hiyo nikaamua kuifanyia ukarabati mashine yangu ya nyumbani: nikabadilisha prosesa, nikasasisha BIOS, prosesa ikaleta joto nikairudisha ya zamani, nikapiga Windows upya, kisha nikaijaribu ile mpya kwa mara nyingine nikiwa nimepaka grisi ya kutosha safari hii. Kila hatua nilifungua gemu nione inakwendaje, maana ndiyo kipimo nilichokuwa nacho. Saa nne usiku, kila kitu kimekaa sawa, joto liko chini, nikavuta kiti, nikabofya. Kikatokea kiboksi cha kijivu: gemu hii imewashwa kwenye kompyuta nyingi mno, jaribu tena baada ya saa 24. Kompyuta nyingi! Nilikuwa chumbani peke yangu na kesi moja iliyofunguliwa ubavu, skrubu ziko kwenye kifuniko cha chupa. Niliwaandikia huduma kwa wateja. Wakajibu kwa upole baada ya siku mbili, wakati saa 24 zimeshapita zenyewe, wakinishauri nisubiri saa 24.

Ndipo nikaenda GOG.

Duka hili lilifunguliwa 2008 na CD Projekt wa Poland, na jina lake lilikuwa kifupi cha maneno yanayomaanisha gemu nzuri za zamani. Historia ya walioanzisha duka ndiyo inayonifanya niwaamini kidogo. Walianza kama wauza gemu za CD jijini Warsaw, enzi ambazo sokoni nakala za wizi ndizo zilizokuwa kawaida. Walipoileta Baldur's Gate kwa Kipolandi mwaka 1999 walijua hawawezi kushindana na mwizi kwa bei, wala hawawezi kumfunga. Wakaita waigizaji wanaojulikana watie sauti, wakajaza boksi ramani, kitabu na CD ya muziki. Sokoni diski tupu, kwao boksi zito. Watu wakanunua boksi. Ukiangalia ukurasa wa gemu ya zamani kule GOG leo, utaona akili ni ileile: ukinunua unapewa kitabu cha maelekezo kilichopigwa skani, muziki wa gemu, wakati mwingine michoro. Kitabu si pambo tu. Kuna gemu za kale ambazo kufuli lake lilikuwa kitabuni, inakusimamisha inakuuliza neno fulani la ukurasa fulani, na kama huna kitabu umekwisha.

Gemu za zamani ndizo zilizonifanya nikae. Mteja mmoja aliwahi kunijia na CD halisi, boksi na kila kitu, ya gemu aliyoicheza utotoni. Haikuwaka. Alidhani CD imekwaruzika. Ilikuwa safi kabisa. Kilichoharibika ni kufuli: tangu 2015 Windows imekataa kupakia dereva za SafeDisc, kufuli la CD za enzi zile, kwa sababu zilikuwa zimegeuka tundu la usalama, na za SecuROM kadhaa nazo hazipokelewi. Kwa hiyo yule mwenye risiti na boksi hana gemu, na mwenye kraki ya mwaka ule anacheza mpaka leo. Kampuni kubwa zenyewe zimewahi kukwama hapo. Mwaka 2008 Ubisoft walitoa patchi ya Rainbow Six Vegas 2 ili waliopakua gemu wasiulizwe CD wasiyokuwa nayo, na watu walipoichungulia ndani wakakuta ni kraki ya RELOADED, jina la kundi limo. Max Payne 2 iliyouzwa Steam ilikutwa na alama ya kundi la Myth. Mwenye nyumba amemwazima mwizi bisibisi.

GOG kazi hiyo wanaifanya wenyewe. Nilinunua Heroes of Might and Magic III, ya 1999, nikaiweka kwenye laptopu chakavu ya kazini. Kisakinishi kimoja, dakika chache, imewaka na nyongeza zake zote. Gemu za DOS, za kabla ya Windows, zinakuja zimeshafungiwa ndani ya DOSBox, programu inayoiga kompyuta ya enzi hizo, hujui hata kama ipo. Nimehangaika na mambo haya kwa mikono yangu miaka mingi, najua ni jasho kiasi gani limemwagika ili wewe ubofye mara moja. Tangu Novemba 2024 wana mpango rasmi wa kuzitunza gemu hizo ziendelee kuwaka kwenye Windows zinazokuja.

Utaratibu wa kununua hauna maajabu. Una akaunti, unalipa, gemu inaingia kwenye maktaba yako. Kuna programu yao, Galaxy, ya kupakua na kusasisha, lakini si lazima. Chini yake kuna sehemu ya visakinishi vya akiba, na hapo ndipo ninapokwenda moja kwa moja. Unapakua, unaweka kwenye diski, biashara imeisha. Kurudisha pesa wanakupa siku 30, hata kama umeshapakua na kucheza. Mara ya kwanza nilipolisoma hilo nilitafuta maandishi madogo yako wapi.

Utauliza: si itaibwa? Inaibwa, ndiyo. Lakini sikiliza kilichotokea kwa The Witcher 2, Mei 2011. GOG waliiuza bila kufuli siku ya kwanza, huku nakala za boksi zikiwa na SecuROM. CD Projekt walitegemea kwamba ile ya GOG ndiyo itakayozagaa mtandaoni, kwani mtu anachohitaji ni kuipandisha tu. Iliyozagaa ni ya boksi, iliyokrakiwa. Ukiwa umewahi kusoma .nfo moja katika maisha yako huwezi kushangaa. Kundi gani litaandika jina lake kwa mbwembwe chini ya mlango uliokuwa wazi? Na kabla mwezi haujaisha, patchi ikaja ikaliondoa kufuli hata kwa wenye boksi, na wengi wao wakasema gemu imekuwa nyepesi.

Sasa mabaya, na si machache.

Gemu kubwa mpya nyingi hazipo. Hili halina dawa: kampuni iliyoamua kufunga Denuvo haiwezi kuileta nakala hiyo huku. Nyingine zinafika baada ya miaka, zikiwa zimeshapoa. Kama unataka kucheza kile ambacho wenzako wote wanakizungumzia wiki hii, utakosa. The Witcher 3 na Cyberpunk 2077 zilitoka siku ya kwanza, lakini hizo ni za CD Projekt, waliokuwa wenye duka wakati huo, haziwezi kuwa kipimo.

Kisakinishi cha akiba hakijisasishi. Ikitoka patchi kubwa unarudi kupakua, na vile vipande vya GB 4 vikiwa kumi na kitu, intaneti ya polepole itakutambua. Watengenezaji wadogo nao wana tabia ya kupeleka patchi Steam kwanza na huku baadaye, wengine baadaye sana. Gemu za kucheza na wenzako mtandaoni mara nyingi zinataka Galaxy, kwa hiyo lile neno "si lazima" lina mipaka yake. Na utunzaji ni juu yako. Mimi nina diski mbili, moja droo ya kazini, moja nyumbani, kwa sababu fundi yeyote atakuambia diski moja ni sawa na hakuna.

Na hawa nao si malaika. Septemba 2010 walizima tovuti siku kadhaa na kuweka ujumbe kama vile wamefunga duka. Kumbe ni mchezo wa kujitangaza kabla ya kurudi na sura mpya. Duka ambalo ahadi yake yote ni "gemu yako haitapotea" linafanya utani wa kupotea! Septemba 2021 wakaweka Hitman, gemu ambayo sehemu zake nyingi hazifunguki bila seva, wateja wakachachamaa, na Oktoba wakaiondoa. Waliiondoa, sawa. Lakini nani aliiweka?

Kingine ni sheria. Usidanganyike ukadhani umekuwa mmiliki wa gemu. Bado ni leseni, kama kwingine kote. Tangu Januari 2025 jimbo la California linawalazimisha wauzaji wa vitu vya kidijitali kukuambia waziwazi kwamba unanunua leseni, na ndiyo maana Steam walianza kuonyesha maneno hayo kabla ya kulipa. Kwenye karatasi tofauti ni ndogo. Tofauti iko kwenye droo yangu ya kazini: ile diski hakuna seva inayoweza kuikataza isisome.

Nawapa nyota nne. Ya tano nimeizuia kwa ajili ya patchi zinazochelewa na ule utani wa 2010 ambao bado sijausamehe.

Kraki nimeacha, isipokuwa pale mteja anapoleta CD yake halisi isiyowaka na gemu haiuzwi popote. Hapo huwa nafunga mlango wa karakana kwanza. Mdogo wangu alinicheka aliposikia nimelipia The Witcher 3. "Kaka, na kufuli lenyewe haina?" Akaomba nakala. Nikamwambia hapana, duka limeniamini, nawe kama unaitaka subiri punguzo ununue yako. Akasema sawa kaka, kwa sauti ya utii ambayo ilipaswa kunishtua. Wiki tatu baadaye nikiwa bado natafuta Ciri, binti anayesakwa na Geralt, yuko wapi, akapita nyuma ya kiti changu, akasimama, akatazama skrini. "Ooh, bado uko hapa?" Kisha akanisimulia mwisho wote, mpaka nani anakufa.